Je, ZDF ilitenda haki kuiondoa Derrick hewani kwa sababu ya Horst Tappert?

Naomba tujadili uamuzi wa mwaka 2013 wa ZDF, shirika la televisheni ya umma la Ujerumani, ambao naamini haukuwa sahihi. Mwaka huo mtafiti Jörg Becker alikuta katika kumbukumbu za jeshi hati iliyoonyesha kwamba mwezi Machi 1943 mwigizaji Horst Tappert, aliyefariki mwaka 2008, alikuwa askari wa SS, jeshi la chama cha Wanazi cha Hitler, katika kikosi cha Totenkopf. ZDF ikatangaza kwamba haitarudia tena Derrick, tamthilia ambayo Tappert aliigiza kama inspekta wa polisi wa Munich kuanzia 1974 hadi 1998, jumla ya vipindi 281 vilivyotazamwa katika nchi zaidi ya 100.

Wanaoutetea uamuzi huo wana hoja nzito. Wanasema kwamba divisheni ya Totenkopf hapo mwanzo iliundwa kwa walinzi wa kambi za mateso, na kwamba ZDF inaendeshwa kwa ada ya wananchi wote, wakiwemo waliopoteza jamaa zao mikononi mwa Wanazi, ambao si haki kuwaonyesha mtu huyo akiwa kielelezo cha polisi mwadilifu. Kuhusu heshima za umma nakubaliana nao kabisa: cheo cha heshima alichotunukiwa na polisi wa Bavaria hakikustahili kuendelea kuambatana na jina lake. Lakini tamthilia iliyotengenezwa na watu wengi kwa miaka 24 si nishani ya mtu mmoja.

Kinachonizuia kabisa kuukubali uamuzi huo ni jina la mwandishi. Vipindi vyote 281 viliandikwa na Herbert Reinecker, ambaye chini ya utawala wa Hitler alihariri magazeti ya umoja wa vijana wa Kinazi, akawa mwandishi wa habari za vita wa SS, na akashiriki kuandika Junge Adler, filamu ya propaganda ya mwaka 1944. Mwongozaji wa filamu hiyo, Alfred Weidenmann, baadaye aliongoza vipindi kadhaa vya Derrick. Mambo haya yalikuwa yakijulikana Ujerumani kabla ya 2013, na tamthilia iliendelea kurushwa. Kila neno alilolitamka inspekta yule lilitoka kwa Reinecker. Tappert alileta uso, sauti na utulivu. Ikiwa sare ya mwigizaji inatosha kuizima kazi, kwa nini kalamu ya mtunzi haikutosha?

Katika Junge Adler ndimo alimoanzia pia mwigizaji Hardy Krüger, aliyekuwa mwanafunzi wa shule ya Adolf Hitler, na ambaye mapema mwaka 1945, akiwa na umri wa miaka 16, aliingizwa katika divisheni ya SS. Baada ya vita alipata umaarufu Uingereza, Ufaransa na Marekani. Ndiye aliyeigiza pamoja na John Wayne katika filamu ya Hatari!, iliyopigwa picha Tanganyika, kisha akanunua shamba Momella, chini ya Mlima Meru. Krüger aliyasimulia mwenyewe hadharani aliyoyapitia, na hata uzeeni aliwaendea wanafunzi mashuleni kuwaonya dhidi ya Unazi mpya. Tappert hakuwahi kulitaja hadharani jina la kikosi chake. Hati ile haikumhusisha na uhalifu mahususi, kwa hiyo kosa lake tunaloweza kulithibitisha ni huko kuficha, na kuifungia tamthilia kabatini ni kuendeleza maficho yaleyale. Ningetaka ionyeshwe, na kabla ya kila kipindi mtazamaji aelezwe waziwazi Tappert na Reinecker walikuwa wapi mwaka 1943.

Anayeamini kwamba ZDF ilikuwa sahihi anieleze angezifanya nini filamu nyingine za Ujerumani Magharibi za miaka ya 1950 na 1960, ambazo waandishi, waongozaji na waigizaji wake wengi walikuwa watu wazima wakati wa utawala wa Hitler.