Naomba ushauri: mtafiti anataka nikate maneno yake

Wakuu, habari zenu. Natengeneza filamu za makala kuhusu sayansi na jamii. Sasa nahariri inayomhusu Henrietta Lacks, ambaye seli zake zilichukuliwa Marekani mwaka 1951 bila ridhaa yake, na hadi leo zinakuzwa maabara. Mtafiti niliyemhoji anataka aione filamu nzima kabla haijatoka, na pale aliposema "wagonjwa hawaelewi haya mambo" nipaondoe. Jamani, si ndipo penye uhondo wenyewe! Anisahihishe sayansi, sina neno. Ila kumkabidhi mkasi, hapana. Fomu ya ridhaa alishasaini. Mliobobea, huwa mnawaonyesha wahusika vipande vyao tu, au mnawatumia maandishi? Na akitishia kujitoa kabisa, nifanyeje?