Filamu za Lord of the Rings zote tatu: kulipia, kujaziwa flashi au tovuti za bure?

mama_tororo
Jamani, watoto wakifunga shule nataka tuzitazame zote tatu. Mwanangu mkubwa amepata tovuti inayosema "bure, HD". Moyo wangu hautulii. Nyumbani sina waifai, nanunua bando. Wenzangu mnatumia njia gani?

wa_kisementi
Filamu ya namna hii hadhi yake ni skrini kubwa, ningekutuma ukumbi wa sinema wa Acacia Mall, Kampala, moja kwa moja. Ila hizi ni za 2001 hadi 2003, na kumbi huonyesha mpya. Lipia huduma halali mwezi mmoja tu. Kwanza hakikisha zote tatu zimo, maana haki za kuonyesha filamu huhamahama.

busia_mpakani
Dada, piga hesabu ya data kwanza. Matoleo ya sinema ni dakika 178, 179 na 201, yaani saa 9 na ushee. Ubora wa kawaida hula kama GB 1 kwa saa. HD hufika GB 3, kwa hiyo karibu GB 28! Na tangu Julai 2021 hapa Uganda kila bando la intaneti lina ushuru wa asilimia 12. Hiyo tovuti ya "bure" itakula data ileile, na matangazo juu yake. Programu halali nyingi zinaruhusu kupakua: nenda kwa ndugu mwenye waifai, pakua, mtazame nyumbani bila kugusa bando.

kijana_mbale
Mmesahau kibanda cha video! VJ, yule anayetafsiri filamu kwa sauti yake juu ya filamu, akiitafsiri vita kwa Kiganda, ukumbi mzima unasimama. Au jaziwa flashi kwenye library, duka la kunakili filamu, bei ya chai.

wa_kisementi
Kibanda nakipenda pia, lakini kwa mtoto anayeiona mara ya kwanza, VJ anafunika muziki wa Howard Shore, na huo ni nusu ya filamu. Za library kwa kawaida hazina kibali cha mwenye kazi, na tuna Sheria ya Hakimiliki ya 2006. Tena kompyuta hizo zinachomekwa flashi za mji mzima, ukirudi nyumbani mafaili yako yamegeuka shotikati za virusi.

fundi_arua
Mama, nashika simu za watu kila siku, nakuomba umzuie kijana. Tovuti zenyewe zina vitufe vya kucheza vitatu vinne, na cha kweli huenda hakimo. Kimoja kinaomba uruhusu arifa, kisha simu inaanza kulia "una virusi" usiku kucha. Kingine kinataka namba ya kadi "kuthibitisha umri". Kibaya kuliko vyote kinasema kichezeo chako kimepitwa na wakati, pakua hiki. Filamu huja kama mp4 au mkv. Ikija APK, hiyo ni programu, na ikiomba kusoma SMS au ruhusa ya Accessibility, inaweza kuona namba za siri zinazotumwa na hata unachoandika. Simu zetu ndizo benki zetu. Ada ya shule iko kwenye MoMo, pesa za simu, kwenye simu hiyohiyo mtoto anayotazamia.

mama_tororo
Fundi, nimemuuliza. Kichezeo alishakiweka, jana, kwenye simu yangu. Nifanyeje?

fundi_arua
Zima data sasa hivi. Toa laini, iweke kwenye katochi (simu ndogo ya vitufe), ubadilishe PIN ya pesa kupitia *165# kama ni MTN, *185# kama ni Airtel. Angalia salio na miamala ya jana. Ukiona usiyoijua, piga huduma kwa wateja mara moja. Kisha kwenye simu fungua Mipangilio, Accessibility, na sehemu ya wasimamizi wa kifaa: zima hicho kichezeo kote, ndipo ukiondoe. Kikikataa kuondoka, hamisha picha zako, urudishe simu ilivyotoka kiwandani. Nenosiri la baruapepe libadilishie kwenye simu nyingine. Na kijana usimpige, ameeleza mapema.

mama_tororo
Laini nimeshaitoa. Salio lipo lote. Jumamosi tunaenda kupakulia kwa shangazi yao Mbale.

busia_mpakani
Chagua ubora wa kawaida, dada, usijaze simu. Na anzeni na ya 2001, watoto wasikudanganye kuruka.