Mzee kapasuliwa nyonga, usiku hajui alipo na anachomoa dripu. Ni nini hii?

Mtoto_wa_Konde

Asalaam alaykum. Nauliza kwa haraka, niko wodini na simu chaji inakwisha.

Mzee wangu ana miaka 70 na ushei, mtu wa Konde, Pemba. Aliteleza uwani akianika karafuu, nyonga ikavunjika, akapasuliwa. Upasuaji wenyewe ulikwenda salama. Mpaka jana asubuhi akili zake timamu: kaniuliza ZSTC, shirika la serikali la kununua karafuu, wananunua bei gani, kanigombeza mbuzi hawajafungwa. Ilipoingia magharibi akawa mtu mwingine. Anamwita ami yangu ambaye ni marehemu, anasema wodi imejaa watu wanamwibia karafuu zake. Kachomoa dripu, damu ikatapakaa shukani, nesi alipomzuia akamtia kofi. Baba huyu hajapata kumpiga hata mtoto wake! Kisha akatulia, akawa anachambua shuka kwa vidole, karafuu huku, makonyo (vijiti vyake) kule, muda mrefu bila kuinua macho. Alfajiri kaamka anasalimia watu vizuri. Adhuhuri kaanza tena.

Usiku walimfunga mikono kitandani kwa bendeji. Shangazi anasema mzee katupiwa kitu, arejeshwe nyumbani akanywe kombe, maji yaliyooshewa aya za Kurani. Shemeji anasema apelekwe Kidongo Chekundu, hospitali ya wagonjwa wa akili. Mie najiuliza, mtu hurukwa na akili kwa siku moja? Na hiyo sindano ya usingizi wanayotaka kumpiga tuikubali?

Bi_Nesi_Mstaafu

Wa alaykum salaam mwanangu. Nimekesha kwenye wodi za wanaume, Unguja na Pemba, mpaka nikastaafu, na wazee wa namna hii nimewaona wengi kuliko ninavyoweza kuwahesabu. Kabla ya shetani na kabla ya Kidongo Chekundu, nijibu: mpira wa mkojo umetolewa lini, na tangu utolewe kakojoa? Choo kapata? Sukari imepimwa leo? Kuna mtu kamletea dawa yoyote kutoka dukani?

Wakati unatafuta majibu, soma hapa. Ugonjwa wa akili hauji magharibi ukaondoka alfajiri ukarudi adhuhuri kwa mzee wa miaka 70 ambaye hajawahi kuwa nao. Kinachokuja hivyo ni mwili. Ubongo wa mtu mzima unapokosa kitu kimoja, au kuzidiwa na kitu kimoja, unayumba wote. Kwenye faili wataandika deliriamu, yaani akili kuvurugika ghafla kwa sababu ya mwili. Kinaweza kuwa kichomi, mkojo wenye maambukizi, mkojo uliobana, maji kupungua mwilini, chumvi ya damu kushuka, hewa ya oksijeni ndogo, sukari ndogo, maumivu ambayo hakupewa dawa ya kutosha, au dawa yenyewe. Mara nyingi si kimoja, ni vitatu vimeingia pamoja. Aliyevunjika nyonga ndiye khasa wa kuangaliwa, maana kapata maumivu, dawa ya ganzi, damu kupungua na kulala kitanda kigeni, vyote ndani ya wiki moja.

Mjaribu hivi akiwa ametulia: mwambie ataje siku za wiki kwa kurudi nyuma, aanzie Jumamosi. Mzee mzima wa akili, hata kama hakusoma skuli, ataifika Jumapili. Huyu wa kwenu nadhani atafika Alhamisi kisha aanze habari ya karafuu. Akili haikai mahali, hilo ndilo la kumwonesha daktari.

Na daktari wa zamu hamjui baba yako. Yeye anamwona mzee mkorofi tu. Wewe ndiye wa kumwambia, "Jana asubuhi alikuwa hivi, tangu magharibi yuko hivi." Mwambie kwa maneno hayo hayo, na usiondoke mbele yake mpaka ayaandike.

Mtoto_wa_Konde

Shikamoo Bi Nesi. Mpira ulitolewa jana asubuhi. Nimeuliza, hakuna aliyemwona akikojoa, shuka tu ilikuwa na unyevu kidogo. Choo hajapata tangu upasuaji. Sukari hawajapima leo, na anatumia Daonil, dawa ya kisukari, nyumbani. Halafu kuna hili: alikuwa anajikuna, binamu akamnunulia Piriton, vidonge vya kuwashwa na mafua, anampa asubuhi na usiku.

Bi_Nesi_Mstaafu

Marahaba. Simama sasa hivi uende kwa nesi wa zamu. Apime sukari kwanza, ni jambo la tone la damu. Daonil kwa mzee asiyekula vizuri, na figo zimechoka, inashusha sukari na inaweza kurudia kuishusha hata baada ya kupewa glukosi, kwa hiyo kipimo kimoja hakitoshi. Chini ya 3.9 ni ndogo. Kisha amshike chini ya kitovu. Kama pamejaa pagumu, mkojo umebana, na huo unyevu shukani ni wa kufurika tu. Mzee mwenye tezi dume, ukimwongezea Piriton, kibofu kinakataa kusukuma na akili inavurugika pamoja nacho. Piriton isimame leo. Binamu asikasirike, dawa hiyo inauzwa kila duka na hakuna anayemwambia mnunuzi kwamba wazee haiwafai.

Mwana_wa_Makunduchi

Kaka, pole. Nataka kuongezea upande mwingine. Mama yangu yeye hakupiga mtu wala hakupiga kelele. Alilala tu, ukimwita anafungua macho, anasema "naam" kisha anayafumba. Wodi nzima wakimsifu kwa utulivu. Dada yangu ndiye aliyesema, "Huyu mama si mtulivu, mama hajapata kunyamaza hata akiwa na homa." Kumbe kichomi, oksijeni iko chini kabisa. Wanaopiga kelele angalau daktari anaitwa.

Dokta_Kisiwandui

Bi Nesi kasema karibu yote. Niongeze kuhusu sindano na bendeji, kwa sababu umeuliza.

Kumfunga kunamtia hofu zaidi, anapambana, anaumia, na nyonga mpya haitaki vita. Ndugu mmoja aliyekaa kitini karibu yake ni bora kuliko bendeji. Diazepamu, dawa ya usingizi, kwa mzee wa hali hii mara nyingi inamzidishia mkanganyiko na inaweza kumpunguzia pumzi. Haloperidoli, dawa ya kutuliza wagonjwa wa akili, kidogo sana inaweza kutumika, lakini ni pale tu anapojihatarisha au kuhatarisha wengine na maneno hayajasaidia, tena si kwa mwenye ugonjwa wa Parkinson (wa kutetemeka na kukakamaa mwili), na moyo uangaliwe. Inamtuliza mgonjwa, chanzo hakiondoi. Kwa hiyo ukiulizwa kama unakubali sindano, na wewe uliza: chanzo kimetafutwa?

Kuna hali moja ambapo dawa za jamii ya diazepamu ndizo tiba yenyewe: mnywaji aliyelazwa akakatika pombe ghafla. Siku mbili tatu baadaye anatetemeka, anatoka jasho, anaona wadudu, anaweza kupata degedege na akafa. Huku kwetu watu hulificha hilo kwa haya. Mwite daktari pembeni umwambie, hatalitangaza msikitini. Sisemi ni baba yako, wapo wengine wanaosoma hapa.

Mwaka 1999 Sharon Inouye na wenzake wa Chuo Kikuu cha Yale, Marekani, walichapisha utafiti wa wagonjwa 852 wa miaka 70 na zaidi. Waliopata uangalizi wa kawaida, 15 kati ya 100 walipatwa na hali hii. Waliokumbushwa walipo, wakatembezwa, wakapewa maji, miwani na vifaa vya kusikia, na usiku wakaachwa walale, walikuwa chini kidogo ya 10. Hakuna mashine pale.

Mtoto_wa_Konde

Sukari ilikuwa 5.8. Wamerudisha mpira, umetoka mkojo zaidi ya lita moja, mzee akashusha pumzi hata jirani wa kitanda cha pili akasema alhamdulillahi. Piriton imesimamishwa, wamempa dawa ya choo. Bendeji wamefungua, nimekaa mie. Lakini bado anaropoka kidogo. Na shangazi kombe kaja nalo kwenye chupa.

Bi_Nesi_Mstaafu

Alhamdulillahi kweli. Kuropoka hakutakatika leo. Wengine siku chache, wengine wiki, na wazee wengine miezi kabla hawajarudi walipokuwa. Usikate tamaa kesho akiwa vibaya kuliko leo, huenda kwa kupanda na kushuka.

Shangazi msimgombeze. Amsomee Yasini kwa sauti ya chini, sauti anayoijua inamtuliza. Lakini kinywaji chochote, kombe au chai au maji ya kawaida, asipewe akiwa amelala nusu. Kinapita njia ya pumzi, mnapata kichomi juu ya nyonga. Akiwa macho, amekaa wima, na nesi karuhusu, mpeni maji kidogo kidogo siku nzima. Udi na ubani wodini hapana, wengine wana pumu.

Usibishane naye kuhusu wezi wa karafuu. Mwambie, "Baba, mie mwanao, uko hospitali, umepasuliwa mguu, karafuu ziko salama." Kisha mambo mengine. Adhana ikisikika mtajie: hii adhuhuri, hii alasiri. Mzee wa Kipemba saa yake ni swala. Pazia mchana lifunguliwe, akalishwe kitini kwa namna wafundi wa mazoezi watakavyosema, usiku taa ipunguzwe na simu zenu mzizime. Wageni wawili wawili, si Konde nzima. Miwani yake iko wapi?

Mtoto_wa_Konde

Miwani iko Konde, na meno yake pia. Mdogo wangu analeta kesho na gari ya asubuhi. Bi Nesi, akizinduka, tumwambie aliyoyafanya?

Bi_Nesi_Mstaafu

Msubiri aulize. Wengine hawakumbuki kitu, wengine wanakumbuka vipande na wanaona haya, wengine wanaogopa kwamba wamerukwa na akili. Mwambie ulikuwa mkojo umembana na dawa imemkataa, basi. La kofi nesi keshasamehe, sisi tumepigwa sana.

Siku ya kutoka, hakikisha wameandika kwenye karatasi kwamba alipatwa na hali hii baada ya upasuaji, maana aliyepatwa mara moja ni rahisi kupatwa tena, na daktari wa mpira wa mkojo atataka kujua. Na mdogo wako kesho, pamoja na miwani na meno, abebe mfuko mzima wa dawa ulioko chini ya kitanda cha mzee. Zote, na za mizizi pia.