Tamthilia za madaktari: tatizo ni mapenzi au uongo wa kufufua watu?

MLETA MADA
Wakuu, jana nyumbani tumegombana juu ya daktari asiyekuwepo duniani. Yule wa tamthilia: anakesha zamu, ndoa inavunjika, mchepuko ni mpasuaji mwenzake, na asubuhi anapasua kifua mkono hautetemeki. Dada yangu anasema tamthilia hizi zinawachafua madaktari kwa umalaya. Mimi nasema mapenzi ya stoo ni chumvi tu, kila mtu anajua. Kinachoumiza ni kufufua watu.

Mwaka 1996 watafiti wa Marekani walichapisha hesabu yao ya vipindi 97 vya runinga vya huko kwao: ER, Chicago Hope na Rescue 911. Wagonjwa 60 walikandamizwa kifua baada ya moyo kusimama. Asilimia 67 wakaonekana kunusurika hadi kutoka hospitalini. Moyo ukisimama kweli mtu akiwa wodini, anayerudi nyumbani hai ni kama mmoja kati ya wanne au watano. Sasa ndugu yuko nje ya ICU, chumba cha wagonjwa mahututi, na picha ya runingani kichwani. Daktari anasema "tumejitahidi", yeye anasikia "tumezembea".

Halafu ile mashine ya umeme! Mstari wa moyo kwenye skrini umenyooka, wanashtua, mtu anakohoa. Mstari ulionyooka haushtuliwi jamani. Umeme ni wa moyo unaotetemeka ovyo.

MCHANGIAJI WA KWANZA
Mkuu, kwenye mapenzi umepita mbio. Daktari kutembea na mgonjwa wake ni kosa la maadili, anaweza kupoteza leseni. Kwenye tamthilia ni harusi ya msimu wa tatu. Hapo dada yuko sahihi.

MCHANGIAJI WA PILI
Nyote mmesahau uchovu. Mwaka 2003 Marekani iliwawekea madaktari walio mafunzoni kikomo cha saa 80 kwa wiki. Kikomo, si wastani wa wavivu! Daktari wa tamthilia naye amechoka, ila nywele zimechanwa, na akikosea mtu anamkumbatia kwenye ngazi. Wa kweli akikosea anaandika ripoti, kisha anaita mgonjwa anayefuata. Na mafaili je? Nani aliwahi kumwona akijaza mafaili?

MLETA MADA
La mgonjwa na daktari wake nakubali, nilichanganya na wafanyakazi kwa wafanyakazi. La kufufua sibanduki.

Dada kasoma yote haya. Anasema siku watakayoonyesha mafaili, anahamia kwenye mpira.