Naomba ushauri: Wanuru, uyoga wenye akili, wazungumze vipi na wafe vipi?

Mwanakonde: Assalaam alaykum ndugu zangu. Ninaandika riwaya inayotokea katika kisiwa cha kubuni, ambacho wenyeji wake wa kale ni Wanuru, uyoga wenye akili unaong'aa usiku. Msitu wao nimeuchora kwa mfano wa msitu wa Ngezi, kisiwani Pemba, ambao nimekulia jirani yake: mivule mirefu, mipapindi ya jamii ya minazi, na majani yaliyotandana chini, ambayo ukiyafukua unakuta nyuzi nyeupe za kuvu zimeyashona pamoja, nyembamba kuliko uzi wa kofia.

Sitaki kuwapa macho wala midomo, kwa sababu watakuwa binadamu tu. Lugha yao ni mwanga, na katika rasimu hasira ni nyekundu na huzuni ni buluu. Je, rangi zinatosha kuwa lugha? Na kwa kuwa kichwa cha uyoga huoza baada ya siku chache kisha kikachipua kingine, msomaji atamlilia vipi mhusika ambaye kila akifa hurudi?

Maalim_wa_Skuli: Waalaykum salaam. Ziache rangi zote isipokuwa kijani, kwa sababu ndiyo rangi ya mwanga wa uyoga halisi unaong'aa, na itakupa lugha bora zaidi. Mwanga huo hutokea pale kemikali iitwayo lusiferini inapokutana na oksijeni kwa msaada wa kimeng'enya. Haumweki kama wa vimulimuli, bali hutulia na kubadilika polepole. Uyoga mmoja wa Brazil, Neonothopanus gardneri, huota chini ya miti ya jamii ya minazi, na utafiti uliochapishwa mwaka 2015 ulionesha kuwa hung'aa zaidi usiku kwa kufuata saa yake ya ndani, na kwamba mwanga wake huvuta wadudu.

Kwa hiyo, maana iwe katika nguvu ya mwanga na muda unaodumu, na sentensi moja ichukue usiku mzima. Mwanadamu anayetaka kuzungumza nao atalazimika kukesha, na atakayeondoka kabla ya alfajiri huenda akaelewa kinyume cha alichoambiwa. Tena, bila oksijeni hakuna mwanga, basi Mnuru aliyefukiwa kwa udongo wa mfinyanzi amezibwa kinywa.

BintiMakunduchi: Kuhusu kifo, kichwa unachokiona ni tunda tu, na mwili wenyewe ni zile nyuzi za ardhini. Huko Oregon, Marekani, kuna kuvu mmoja wa jamii ya Armillaria aliyeenea katika eneo linalozidi kilomita 9 za mraba, naye ni kiumbe kimoja. Usimwue Mnuru kwa kumkata kichwa. Chimba mtaro katikati ya msitu, nyuzi zikatike, na nafsi moja iwe mbili, kila moja ikikumbuka yote yaliyopita kabla ya mtaro na isijue lolote la mwenzake baada yake. Nyuzi za asili moja zikikutana huungana tena, na za asili tofauti hukataana. Basi mtaro ufukiwe baada ya miaka mingi, nusu hizo zikutane, na ingawa asili yao ni moja, zikataane. Mimi hapo nitalia.

Mkarafuu: Nakubaliana na Bi Makunduchi, ila naomba usiwafanye Wanuru malaika. Armillaria huyo huyo, ambaye nyuzi zake hung'aa ndani ya mti unaooza, huua pia miti iliyo hai, na sisi wa mashambani tunajua uchungu wa kuuona mkarafuu uliolea familia ukikauka umesimama. Wanuru wanang'aa kwa kula nini? Mwanadamu wako ana haki ya kuuliza, na jibu lake ndilo litakalochimbisha mtaro.

Mwanakonde: Shukran sana, maalim, na nyote. Rangi nimezifuta leo. Mtaro utachimbwa na wenye mashamba ambao mikarafuu yao imeliwa, nao watakuwa na sababu ya haki kabisa. Limebaki moja: nani asimulie?

BintiMakunduchi: Mpe mtoto wa mmoja wa wachimbaji, ambaye amewahi kukesha na Wanuru mpaka sentensi ikamalizika, na usiku wa kuamkia siku ya kuchimba ameambiwa nusu tu.