Je, Mwanahamisi ni jina moja au ni mawili, na maana yake ni nini?

Muulizaji, Mikindani

Assalamu alaykum ndugu zangu. Mke wangu amejifungua salama binti, na wazee wa pande zote mbili wamekubaliana kwamba arithi jina la marehemu shangazi yangu, Mwanahamisi. Kabla sijakwenda kumwandikisha ningependa kulielewa jina hili vizuri, kwa sababu lilimsumbua sana shangazi katika maisha yake. Katika ofisi moja waliligawa vipande viwili, wakaandika «Mwana» mahali pa jina la kwanza na «Hamisi» mahali pa jina la baba, ilhali babu yangu hakuwahi kuitwa Hamisi. Kosa hilo moja lilimfanya ahangaike karibu miaka miwili kufuatilia mafao ya mumewe, kwa kuwa kila alipofika aliambiwa kwamba mwenye cheti si yeye.

Jambo la pili ndilo linalonitatiza zaidi. Nimeikuta kadi yake ya kliniki, nayo inaonyesha kwamba alizaliwa Jumatano tarehe 14 Machi 1979, saa mbili usiku. Ikiwa Hamisi ni Alhamisi, kwa nini mtoto wa Jumatano akaitwa hivyo?

Mchangiaji wa Masasi

Waalaykumu salaam, na hongera kwa kupata mtoto. Kwa sisi tuliokulia huku bara, jina hili halina fumbo kubwa, kwa kuwa katika Kimakonde na Kimwera «mwana» ni mtoto, kama ilivyo katika Kiswahili chenyewe. Mwanahamisi ni mtoto wa Alhamisi.

Kuhusu kadi ya kliniki, nina wazo ambalo naomba walionitangulia walipime. Neno «Hamisi» linatokana na Kiarabu, na maana yake ni ya tano, nasi tunajua kwamba Jumatano nayo ni siku ya tano tukianza kuhesabu na Jumamosi, ambayo ndiyo siku ya mosi. Huenda wazee wa shangazi yako walichukua tano ya Kiswahili wakaigeuza kuwa tano ya Kiarabu.

Mwalimu mstaafu, Lindi mjini

Nawasalimu nyote. Kijana wa Masasi ameona jambo la kweli, kwamba juma letu lina siku mbili za tano zinazofuatana, Jumatano kwa hesabu ya Kibantu inayoanzia Jumamosi, na Alhamisi kwa hesabu ya Kiarabu inayoanzia Jumapili. Hata hivyo, sikubaliani naye kwamba wazee waliigeuza moja kuwa nyingine. Sijawahi kukutana na mzee wa pwani aliyezichanganya siku hizo, kwa sababu Alhamisi ina sifa zake, ikiwamo saumu ya sunna, na ndiyo siku inayoutangulia usiku wa Ijumaa.

Jibu limo ndani ya kadi yenyewe, katika maneno «saa mbili usiku». Kwa hesabu ya wazee wetu siku haianzi katikati ya usiku bali huanza jua linapozama, na ndiyo sababu mwezi wa Ramadhani unapoandama magharibi, watu huswali tarawehe usiku uleule ingawa hawajafunga hata siku moja. Ndiyo sababu pia usiku wa Ijumaa, kwa wazee, ni ule unaotangulia mchana wa Ijumaa. Saa zetu zenyewe zinafuata mpango huohuo, kwani saa moja ya usiku ni saa ya kwanza tangu jua kuzama. Kwa hiyo mtoto aliyezaliwa saa mbili usiku wakati mkunga wa kliniki anaandika Jumatano, kwa bibi yake aliyekuwa akisubiri nje alikuwa amezaliwa usiku wa Alhamisi. Kadi haikukosea, na bibi naye hakukosea.

Sasa nije kwenye «mwana», ambapo ningependa kwenda mbali kidogo kuliko tafsiri ya mtoto. Tazameni kwamba mvulana aliyezaliwa Alhamisi huitwa Hamisi tu, na aliyezaliwa Ijumaa huitwa Juma, lakini wasichana wa siku hizohizo ni Mwanahamisi na Mwanajuma. Kama «mwana» lingekuwa na maana ya mtoto peke yake, wavulana nao wangelibeba. Tazameni pia Mwanahawa na Mwanaisha, ambayo hayana siku ndani yake bali yana majina ya wanawake, Hawa na Aisha. Mwanaisha si mtoto wa Aisha, yeye mwenyewe ndiye Aisha. Katika Kiswahili cha zamani, na hasa katika lahaja za kaskazini, «mwana» lilikuwa neno la heshima kwa mwanamke, kama tunavyosema leo «bibi». Mombasa wanamkumbuka katika masimulizi yao malkia Mwana Mkisi, na mshairi wa Pate aliyetunga utenzi wa kumuusia binti yake mwaka 1858 aliitwa Mwana Kupona, na binti huyo akaitwa Mwana Hashima. Kwa wanaume kulikuwa na «mwinyi», ambalo nalo limegandamana na majina mengine hadi tukapata Mwinyimkuu na Mwinyihaji.

Kiswahili hakina kiambishi cha kutenganisha jina la kike na la kiume, na ninaamini kwamba hapo ndipo neno hili la heshima lilipopata kazi ya pili. Liliichukua siku ya Alhamisi, ambayo tayari ilikuwa jina la mwanamume, likaifanya jina la mwanamke, na likampa mtoto mchanga heshima ya ubibi tangu siku ya kwanza. Tafsiri ya kijana wa Masasi siifuti, kwa kuwa watu wa bara walipolipokea jina hili walisikia mtoto ndani yake, na maana hiyo nayo imekwisha kuishi. Liandike neno moja.

Mama wa Kilwa Kivinje

Mwalimu, shikamoo. Nakubaliana nawe, nami naongeza kwamba jina linaloandikwa neno moja ndilo linaloweza kufupishwa, kama Mwanajuma alivyokuwa Mwajuma, na Mwanahamisi tunavyomtamka Mwanamisi. Hakuna anayefupisha jina lake pamoja na la baba yake.

Kwako baba wa mtoto, usitafute siku aliyozaliwa binti yako. Yeye ni somo wa shangazi yako, na somo hurithi jina lilivyo, hata kama alizaliwa Jumatatu. Mimi mwenyewe ni Mwanaidi na nilizaliwa mbali na sikukuu yoyote, kwa sababu aliyezaliwa siku ya Idi alikuwa bibi mzaa mama.

Muulizaji, Mikindani

Nawashukuru sana. Mwalimu, shikamoo. Baada ya kusoma maelezo yako nilimwendea bibi, ambaye bado yuko hai ila macho yamepungua nguvu, nikamuuliza shangazi alizaliwa lini bila kumtajia kadi. Alinijibu kwamba alizaliwa usiku wa Alhamisi, watu wakiwa wametoka kuswali isha. Nilipomsomea kwamba kliniki waliandika Jumatano, alishangaa, akauliza ni nani aliyewaambia.

Binti yangu alizaliwa Jumapili mchana. Kesho nakwenda kumwandikisha, na nimeliandika jina kwenye karatasi kwa herufi kubwa, neno moja, ili karani alinakili kama lilivyo.