Noti zetu bado zina mtu, na Katiba ilikataza!

Wakenya wenzangu, toeni noti yoyote mfukoni, ya 50 au ya 1000, muigeuze upande wenye KICC, lile jumba la mikutano la Nairobi. Mbele ya ule mnara ameketi nani? Mzee Jomo Kenyatta, kwa sanamu yake. Noti zote tano ni yeye yule.

Someni Kifungu cha 231(4) cha Katiba ya 2010. Kinaruhusu picha zinazowakilisha Kenya, kisha kinakataza sura ya mtu yeyote kwenye noti na sarafu. Hakuna "isipokuwa mwasisi wa taifa". Na tunajua kilikotoka: noti za kwanza mwaka 1966 zilikuwa na Kenyatta, Moi akashika madaraka 1978 na baadaye pesa zikageuka sura yake, Kibaki naye akawa kwenye sarafu ya shilingi 40 ya 2003. Ikulu ikipata mtu mpya, pesa nazo zinapata uso mpya. Hicho ndicho wananchi walikipigia kura kikome.

Msiniambie haikuwezekana. Sarafu za Desemba 2018 zilitii: twiga kwenye shilingi 1, kifaru kwenye 5, simba kwenye 10, ndovu kwenye 20. Miezi sita baadaye, tarehe 1 Juni 2019, noti zikazinduliwa Narok, na rais siku hiyo ni mwana wa huyo aliyeketi mbele ya mnara!

Mwanaharakati Okiya Omtatah alienda kortini kupinga noti hizo, Mahakama Kuu ikaitupa kesi Septemba 2019. Utetezi tunaoimbiwa mpaka leo ni kwamba sanamu ni sehemu ya jengo. Hapo ndipo ninapokasirika kabisa. Noti huchorwa, na mchoraji huchagua asimame wapi, aache nini, akate wapi. Mnara wa KICC unaonekana kutoka kila upande wa katikati ya jiji. Sanamu iko uani, chini, upande mmoja tu; ili iingie kwenye fremu lazima uifuate huko huko. Aliyechagua pembe ile alimchagua na mtu.

Halafu Agosti 2024 Benki Kuu ikatangaza noti zenye sahihi mpya, mwaka mpya na uzi mpya wa usalama. Sahani za kuchapia ziliguswa, sanamu ikaachwa palepale. Kwa nini? Toleo lijalo libaki na mnara peke yake, na Benki Kuu itueleze hadharani ni nani aliidhinisha pembe ile.